Cherkasov: uso wa mwigizaji kifuani pa makamanda

Mwishoni mwa Julai 1942 majeshi ya Hitler yalikuwa njiani kuelekea Stalingrad, na Leningrad ilikuwa imezingirwa kwa karibu mwaka mzima. Wakati huo ndipo serikali ya Stalin ilipoanzisha nishani mpya kwa ajili ya makamanda wa Jeshi Jekundu. Ilipewa jina la Alexander Nevsky, mwanamfalme wa Kirusi ambaye mwaka 1242 aliwashinda wapiganaji wa msalaba wa Kijerumani juu ya barafu ya ziwa Peipus. Msanifu wa nishani, Igor Telyatnikov, akakwama mahali padogo tu: huyo Nevsky alikuwa na sura gani? Hakuna picha yake iliyochorwa akiwa hai. Basi akachukua uso wa mwigizaji aliyemwigiza Nevsky katika filamu ya mwaka 1938, akauchora kwa upande, kofia ya chuma kichwani. Zaidi ya nishani 40,000 za aina hiyo zilitolewa. Kila aliyeivaa alibeba kifuani sura ya mtu wa jukwaani akidhani, au akijifanya anadhani, ni sura ya mtakatifu wa karne ya 13.

Mwenye uso huo ni Nikolai Cherkasov, na tangu hapo ndipo shida ya kumhukumu inapoanzia.

Ukimpima kwa vyeo, kesi inaonekana rahisi. Tuzo tano za Stalin. Mjumbe wa Soviet Kuu, yaani bunge la huko. Msanii wa Watu wa Umoja wa Kisovieti mwaka 1947, heshima ya juu kabisa kwa mtu wa jukwaa. Safari za nje katika miaka ambayo mwananchi wa kawaida hakuruhusiwa hata kuota pasipoti. Kwa lugha ya mitandaoni kwetu leo tungemwita chawa, tukamaliza. Ila wanaomtetea wanayo karata moja nzito: sehemu ya pili ya filamu ya mwongozaji Sergei Eisenstein kuhusu Tsar Ivan wa Nne, yule wa Kutisha. Humo Cherkasov aliigiza mtawala aliyeliwa na hofu na damu kiasi kwamba Stalin mwenyewe aliichukia, ikafungiwa kabatini hadi mwaka 1958. Chawa gani huyo, wanauliza, anayemwonyesha mfalme ubaya wake?

Nimeisikiliza hoja hiyo kwa muda mrefu, na kwa kweli niliwahi kuiamini. Siku hizi naona watetezi wake wameshika filamu isiyo sahihi.

Tuanze na mwili wake, maana kwa mwigizaji huyu mwili ulitangulia kila kitu. Alizaliwa St. Petersburg, mji uleule ulioitwa baadaye Leningrad, mwaka 1903, baba yake mfanyakazi wa reli. Alikuwa mrefu kupita kiasi, mwembamba kama mlingoti, miguu na mikono ikining'inia. Mwaka 1919, njaa na vita vya wenyewe kwa wenyewe vikiendelea, aliingia jukwaa la opera la Mariinsky kama mwigizaji bubu, wale wanaojazia umati nyuma ya waimbaji wakubwa. Miaka ya 1920 alijulikana kwa kuchekesha: yeye na wenzake wawili walicheza dansi wakiwaiga wachekeshaji wa filamu Pat, Patachon na Charlie Chaplin, na Pat, yule mrefu wa kusikitisha, bila shaka alikuwa yeye. Akaingia ukumbi wa watoto wa Leningrad, ambako alimwigiza Don Quixote, yule mzee wa riwaya ya Kihispania anayejidhani shujaa wa vita, kwa mara ya kwanza akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu. Hapo hapakuwa na siasa ya kutosha kumpa mtu medali. Palikuwa na kijana anayejua kukunja magoti yake marefu watoto wakavunjika mbavu.

Kilichombadilisha kuwa mtu wa taifa ni mzee. Mwaka 1936, akiwa na miaka 33 hivi, aliwabembeleza waongozaji Zarkhi na Heifits wampe nafasi ya Profesa Polezhayev, mwanasayansi mwenye miaka 75 anayeamua kuwaunga mkono Wabolsheviki, wanamapinduzi wa Lenin, mwaka 1917, huku wasomi wenzake wakimsusia. Filamu, iliyotoka mwaka 1937, ina ujumbe wa chama waziwazi, hilo halifichiki. Lakini kuna tukio la siku ya kuzaliwa ya huyo profesa. Meza imeandaliwa, viti vimepangwa, saa zinakwenda, na hakuna anayekuja. Mzee na mkewe wanabaki na vyombo vyao, kisha wanakaa kwenye piano na kupiga pamoja. Ukimtazama Cherkasov pale huoni propaganda, unaona mzee anayejikaza asimwangalie mkewe usoni. Mgongo umepinda, mabega yamepungua, ile miguu mirefu ya Pat imekuwa mizito. Baadaye Lenin anapiga simu na kuharibu kila kitu kwa kukipanga sawasawa, ila kile kipande cha meza tupu hakuna simu iliyoweza kukifuta.

Kisha likaja barafu.

Majira ya joto ya 1938, jua la Moscow likiwaka, mafundi wa studio ya Mosfilm walitengeneza ziwa lililoganda kwa chaki, chumvi na nyenzo nyingine nyeupe juu ya uwanja uliosawazishwa, na Cherkasov akapanda farasi akiwa amevaa mavazi ya kivita ya wakati wa baridi. Eisenstein alikuwa amepewa nafasi ya mwisho. Filamu yake iliyotangulia ilikuwa imesimamishwa na kulaaniwa, na sasa alitakiwa alete mshindi wa Kirusi, mkubwa, mwepesi kueleweka, atakayewaonya Wajerumani. Nevsky wa Cherkasov ndivyo alivyo: anasimama, anatazama mbali, anasema maneno machache, anashinda. Sioni mengi ya kuigiza pale. Ni mnara wenye ndevu. Hata hivyo mnara ule ulitumika kama bendera ya mlingoti: ulipandishwa Desemba 1938, ukashushwa Agosti 1939 serikali za Stalin na Hitler zilipotia saini mkataba wa kutoshambuliana, ukapandishwa tena Juni 1941 mabomu yalipoanza kudondoka. Filamu ni ileile na uso ni uleule, lakini ndani ya miaka mitatu ulikuwa uzalendo, kisha aibu, kisha uzalendo tena. Mwigizaji hakuulizwa lolote mara zote tatu.

Kwa wanaosema alikuwa na uhuru wa kukataa, ningependa waangalie mwezi mmoja tu wa majira yaleyale. Julai 1938, kijana mwingine wa Leningrad, mwigizaji wa filamu Georgy Zhzhonov, miaka 23, alikamatwa. Kosa lake: akiwa ndani ya treni kuelekea mashariki ya mbali kupiga filamu, alizungumza na Mmarekani mmoja wa ubalozini. Ikawa ujasusi. Akapelekwa kwenye kambi za kazi ngumu za Kolyma, akaachiwa mwaka 1945, akakamatwa tena mwaka 1949 na kupelekwa uhamishoni Norilsk, na akasafishwa jina mwaka 1955 tu. Dunia ina dhihaka zake: mwaka 1968 mtu huyohuyo alipata umaarufu nchi nzima kwa kuigiza nafasi ya jasusi. Mwaka 1939 akakamatwa Vsevolod Meyerhold, mwalimu wa Eisenstein, mwongozaji mkubwa kuliko wote wa jukwaa la Kirusi. Februari 1940 akapigwa risasi. Hawa hawakuwa wapinzani wa serikali. Walikuwa watu wa kazi ileile, wa ukumbi jirani. Kwa hiyo anayemlinganisha Cherkasov na msanii wetu anayeimba kwenye mkutano wa kampeni ili alipwe gari, naona analinganisha mvua na mafuriko.

Hata hivyo hofu haielezi kila kitu, na hapa ndipo ninapoachana na watetezi. Nenda kwenye usiku wa tarehe 25 Februari 1947.

Sehemu ya kwanza ya filamu ya Ivan ilikuwa imepata Tuzo ya Stalin mapema mwaka 1946. Sehemu ya pili ikamkasirisha Stalin. Azimio la Kamati Kuu ya chama la Septemba mwaka huo likasema Eisenstein amewafanya walinzi wa Tsar wafanane na Ku Klux Klan, na Tsar mwenyewe amekuwa mnyonge kama Hamlet. Eisenstein na Cherkasov wakaandika barua kuomba waonane na mkuu. Wakaitwa Kremlin saa tano usiku. Ndani walikuwapo Stalin na wasaidizi wake wakuu, Molotov na Zhdanov. Mazungumzo yalichukua zaidi ya saa moja, na walipotoka wawili hao walisimulia yaliyosemwa, yakaandikwa. Ndiyo maana tunayajua.

Ni maandishi yanayotisha kwa utulivu wake. Stalin anamuuliza Eisenstein kama amesoma historia. Anaeleza kwamba Ivan alikuwa mkatili, na ukatili unaweza kuonyeshwa, ila lazima ionyeshwe kwa nini ulikuwa wa lazima. Kosa la Ivan, anasema, ni kwamba hakuzimaliza koo tano za makabaila. Alikuwa akiua kisha anajutia na kusali muda mrefu, Mungu akimzuia. Zhdanov analalamika kuhusu vivuli na ndevu za Tsar, ambazo ni ndefu mno. Eisenstein anaahidi kuzipunguza. Hebu litazame jambo hilo lilivyokaa: nchi iliyopoteza mamilioni ya watu miaka miwili iliyopita, na viongozi wake watatu wanajadili urefu wa ndevu usiku wa manane.

Na Cherkasov? Cherkasov yuko sawasawa kabisa mle ndani. Anaomba ruhusa ya kuvuta sigara. Stalin anatania kwamba huenda wapige kura. Anasema ukosoaji unasaidia, anataja jinsi mwongozaji Pudovkin alivyokosolewa kisha akatengeneza filamu nzuri. Anasema ameipenda nafasi ya Ivan. Anauliza kama tukio la kuuawa kwa Vladimir Staritsky, binamu wa Tsar, linaweza kubaki, na anaambiwa libaki, mauaji yalikuwapo. Ukiyasoma maneno ya wote wawili, Eisenstein anajibu kifupi, kama mgonjwa, na kweli alikuwa mgonjwa wa moyo. Cherkasov ndiye anayeyabeba mazungumzo. Unaweza kusema alikuwa akimkinga rafiki yake. Inawezekana, na mimi nataka iwe hivyo. Mtu mrefu, mwenye sauti nzuri, anajaza chumba ili mwenzake asiulizwe zaidi. Lakini maneno aliyochagua yalikuwa ya kukubali, na alijua mno namna ya kuyasema. Mwaka huohuo akawa Msanii wa Watu.

Eisenstein alifariki Februari 1948, akiwa na miaka 50. Hakurekebisha hata tukio moja. Ama aliishiwa nguvu ama alichelewesha makusudi, filamu ilibaki kama alivyoiacha.

Sasa turudi kwenye ile karata ya watetezi. Nani aliyeuweka ule ubaya wa mfalme ndani ya sehemu ya pili? Angalia kwanza picha maarufu ya mwisho wa sehemu ya kwanza. Ivan amejitenga na Moscow, watu wanakuja kumsihi arudi. Upande mmoja wa fremu, karibu kabisa, uso wa Cherkasov kwa pembeni, ndevu zimechongoka kama shoka, shingo imepinda kwenda chini. Kule chini kabisa, juu ya theluji, mstari wa watu wadogo kama sisimizi. Hakuna mwanadamu anayesimama hivyo kwa hiari yake. Ni mchoro. Eisenstein alichora maelfu ya karatasi kabla ya kupiga, kisha akamkunja mwigizaji aingie kwenye mchoro. Walikuwa Alma-Ata, Kazakhstan, walikohamishiwa na vita, wakipiga filamu usiku kwa sababu mchana umeme ulikwenda viwandani. Katika kitabu chake cha kumbukumbu cha mwaka 1953 Cherkasov alilalamika kwamba mwongozaji alijali umbo la picha hadi kumbana mwigizaji katika misimamo isiyo ya kawaida.

Lalamiko hilo lisomwe kwa jicho kali. Mwaka 1953 sehemu ya pili ilikuwa bado imefungiwa, na kusema "mimi niliminywa na mwongozaji" ilikuwa njia salama ya kujitenga na filamu yenye dhambi. Marehemu hajibu. Kwa hiyo lalamiko lenyewe linanuka kidogo. Lakini hata likinuka ni la kweli: ule mgongo wa kunguru, yale macho yaliyotolewa, vile vivuli vinavyomtangulia Tsar ukutani, ni kazi ya kalamu ya Eisenstein. Cherkasov alivibeba kwa nidhamu ya ajabu, na mwili mwingine wowote usingeweza. Ujasiri wa kufikiri kwamba dikteta aonekane hivyo haukuwa wake. Kumsifu kwa hilo ni kumvika koti la marehemu. Tena, kama filamu ile ni utetezi wake, basi yale maneno ya Kremlin ni ushahidi dhidi yake, maana alikaa pale akikubali irekebishwe.

Kama nimemnyang'anya Ivan, ninambakizia nini?

Kwanza, kazi isiyoonekana. Kwa miaka mingi aliongoza tawi la Leningrad la chama cha watu wa tamthilia, na kama mjumbe alipokea barua za wapiga kura: chumba cha kuishi, matibabu, mzee wa jukwaani aliyesahaulika. Katika nchi ile jina na sura vilikuwa ufunguo, na sura yake iliyokuwa kwenye nishani ilifungua milango ambayo maombi ya kawaida yangeozea mbele yake. Hapa wakosoaji hukasirika: ufunguo huo aliupata kwa kukaa karibu na mwenye nyumba. Ni kweli. Ila aliyepewa chumba hakuuliza ufunguo umetoka wapi, na mimi nikiwa nimekaa kwenye nyumba isiyozingirwa na mtu naona haya kuuliza kwa niaba yake.

Pili, na hapa ndipo nilipotaka kufika, Don Quixote wa mwaka 1957. Mwongozaji Grigori Kozintsev, mwandishi wa filamu Yevgeny Shvarts. Stalin alikuwa amekufa miaka minne, na Februari 1956 mrithi wake Khrushchev alikuwa ameyasema, katika kikao cha faragha cha mkutano mkuu wa chama, baadhi ya yale ambayo kila mtu aliyajua. Crimea ikageuzwa Uhispania. Cherkasov, miaka 53, akarudi kwa yule mrefu wa kusikitisha aliyemwigiza akiwa kijana kwenye ukumbi wa watoto.

Hakuna mnara humu. Mwili ule uliokuwa shaba kwenye Nevsky na shoka kwenye Ivan umekuwa tena miguu na mikono ya kuning'inia. Anashambulia kinu cha upepo, kinamnyanyua, anazungushwa juu ya bawa lake, na bado anakitukana. Kwa duke, kabaila mkubwa, anakaribishwa kwa heshima zote, kumbe wamemwalika wamcheke. Ukumbi mzima wa watu waliovaa vizuri unamcheka mzee anayesema maneno ya kweli. Cherkasov haigizi hasira pale. Anaigiza mtu anayegundua polepole, jicho moja baada ya jingine, kwamba adabu yote ile ilikuwa mzaha. Yeye alikaa katika kumbi za wakubwa kwa karibu miaka ishirini. Alijua wanavyocheka, alijua na wanaochekeshwa wanavyojikaza. Huwezi kumfundisha mwigizaji jambo hilo kwa mchoro, na Kozintsev hakumfundisha.

Siwezi kusema alikuwa akiungama. Sina haki hiyo, na pengine alikuwa tu mwigizaji mzuri aliyepata nafasi nzuri wakati mzuri. Wakosoaji watasema ni rahisi kumcheka duke wakati duke wa kweli ameshazikwa, na hilo nalo nalikubali. Lakini kati ya Ivan, ambaye ujasiri wake ulikuwa wa mwingine, na Quixote, ambaye unyonge wake ulikuwa wa Cherkasov mwenyewe, nikiulizwa nimpime kwa filamu ipi nitachagua ya pili bila kusita. Ivan wa pili akatolewa kabatini mwaka uliofuata, 1958. Eisenstein alikuwa kaburini miaka kumi. Cherkasov aliishi kuiona.

Alifanya filamu chache tena. Mwaka 1964 alipata Tuzo ya Lenin kwa nafasi ya mwanasayansi mgonjwa anayejua siku zake zinahesabika, na safari hii hakuhitaji kupakwa rangi nyingi ili aonekane amechoka. Mapafu yalikuwa yameharibika. Alifariki Leningrad Septemba 14, 1966.

Walimzika penye makaburi ya wasanii katika monasteri ya Alexander Nevsky, iliyojengwa kwa ajili ya mwanamfalme yuleyule. Mifupa ya Nevsky mwenyewe haikuwamo. Wabolsheviki walikuwa wameiondoa mwaka 1922, ikaishia katika jumba la makumbusho ya dini na ukanaji Mungu, na ilirudishwa mwaka 1989. Kwa miaka 23, basi, ndani ya kuta hizo mwenye jina hakuwapo. Aliyekuwapo ni mwenye sura.